Chumba cha Plasta

Mama alitulea kwa mapanki.
Nalisema mapema, nisionekane najificha:
minofu ya sangara ilipanda ndege,
kichwa na uti wa mgongo vikabaki Mwanza,
naye akavikaanga kwenye nusu pipa pale Igogo
mpaka mimi na Doto tukajua kusoma
mfupa kabla ya kitabu.

Sasa niko Bugando, chumba cha plasta.
Vijana wa bodaboda huletwa na magoti yao,
nawafunga. Kwanza pamba, kisha bendeji iliyolowa,
kisha kiganja kinapita, kinapita,
hadi joto lipande. Plasta ikikaza
hushikwa na homa kidogo.

Doto yuko jangwani,
siku mbili toka lami inapoishia,
na watu wa kofia pana wanaofagia mchanga
juu ya mnyama anayekaribia kivuko cha Kamanga kwa urefu.
Ndivyo asemavyo Doto, na Doto huongeza.

Ijumaa hupanda juu ya gari kutafuta mtandao.
Ijumaa ile hakusalimia:
"Kulwa, plasta inaniganda kwenye ndoo
kabla sijaufikia mfupa. Nifanyeje?"
"Tumia maji baridi."
Akacheka, akacheka mpaka akakohoa.
Mimi nilikuwa dirishani. Chini yangu
Ziwa lote limekaa, halina kazi.

"Na pamba?"
"Pamba utoe wapi! Yale magazeti niliyofungia viatu,
nayalowesha kwa maji ya kunywa."
Basi nikamwona huyo mnyama,
miaka milioni mia na ushee bila nguo,
leo kavikwa matokeo ya ligi
na tangazo la kiwanja kinachouzwa Buswelu.

Picha ikafika Ijumaa iliyofuata:
mfupa wa paja, mweupe, umefungwa
kama wa mgonjwa wangu wa kitanda cha sita.
Ubavuni, kwa kalamu nene: namba, tarehe,
mshale wa kuonyesha kaskazini.
Mama akafuta mafuta mikononi,
akaisogeza simu mbali, karibu, mbali.
"Jina lake liko wapi?"

Nikamwambia hana. Nikamwambia alivyosema Doto,
kwamba huyu alikufa Ziwa halijazaliwa,
kwamba Ziwa lenyewe ni la juzi,
liliwahi hata kukauka, nyasi zikaota
hapo anapopita sangara.
Mama akageuza panki.
"Kukauka kila kitu hukauka. Nauliza jina."
Dinosaria, nikasema.
"Hilo la ukoo."

Halafu akauliza lile nililokuwa nalikwepa:
"Na huyu naye atapanda ndege?"

Nikalituma kama lilivyo.
Tiki moja. Doto alishashuka juu ya gari.

Sisi ni pacha, na kwetu
anayefuata pacha ni Shija.
Jina hilo lilikuwa tayari ndani ya nyumba,
lilifuliwa, likakunjwa,
hakuja wa kulivaa.
Mama halitaji. Alfajiri ile akaniamsha,
mkono unanuka samaki begani kwangu:
"Mwandikie Doto achukue ile kalamu nene.
Pale juu ya mshale.
Aandike Shija."

"Mama, huyo katutangulia sote. Kalitangulia Ziwa."

"Nimesikia," akasema. "Alikawia njiani."

Saa tatu nilimfunga kijana wa Nyakato,
mguu wa kushoto, chini ya goti.
Joto lilipopanda nikauacha mkono palepale
zaidi ya kazi inavyodai,
mpaka akaniuliza, dokta, kuna tatizo?
Mimi si dokta. Nikamwambia tulia.

Ijumaa picha nyingine.
SHIJA, na ile S imevuja kidogo,
plasta ilikuwa bado mbichi.
Kuhusu ndege hakujibu.